Mume wa Gogo Vlasta

Televisheni ilikuwa imezimika. Hicho ndicho nilichokiona kwanza, kabla sijamwona mwanangu. Umeme ulikatika tangu asubuhi, ndiyo maana duka la vipodozi ninakouza mjini Jozi lilifungwa mapema na mimi nikapanda teksi kurudi Yeoville kabla ya wakati wangu. Nilipoingia kreshi, pale anapolelewa mwanangu mchana, nilisikia watoto wanaimba uani kwa Kiingereza. Zuhura hakuwa kati yao. Nikapita ndani mpaka chumba cha nyuma, kile kilichokuwa stoo, nikasukuma mlango. Mapazia yamefungwa. Kiti kidogo cha plastiki katikati ya chumba, na mwanangu juu yake, mikono kaibana katikati ya magoti, anatazama kioo cheusi.

Nikamwita. Aligeuka taratibu, kama mtu aliyeitwa kutoka mbali, akanitazama, kisha akageukia tena kioo.

Madame Odette akatokea nyuma yangu akijifuta mikono kwenye aproni. Ndiye mwenye kreshi. Ni Mkongo wa Bukavu, mama wa kanisa, mcheshi, na nilimpenda tangu siku ya kwanza kwa sababu tulielewana kwa Kiswahili.

"Mama Zuhura, umefika mapema leo. Usiogope, mutoto hana shida. Iko anajifunza Kingereza."

"Kwa nani?"

"Kwa televizio. Ile inaongea Kingereza muzuri kupita sisi wote."

"Haiongei, Madame. Umeme hakuna."

"Utarudia tu."

Nikamuuliza kwa nini mtoto hayuko uani na wenzake. Akanieleza kwa upole, kama anavyoelezwa mtu mzito wa kuelewa. Wazazi wanaleta watoto pale kwa ajili ya Kiingereza. Mmoja akianza Kiswahili wote wanamfuata, maana nusu yao nyumbani kwao ni Kiswahili. Kwa hiyo asiyekuwa na Kiingereza anakaa kwanza na televisheni mpaka kimwingie, ndipo anatoka kucheza.

"Na sisi wawili hapa tunaongea nini?"

"Yetu ni ya bakubwa, mama. Kiswahili ni ya ku nyumba." Kisha akaongeza, na nadhani alitaka kunifariji: "Na ni mutoto wa heshima. Hata kulia halie. Amezoea."

Mimi nina uvumilivu. Anayeuza losheni na nywele za bandia kwa watu wa mjini hana budi kuwa nao. Uliishia kwenye neno hilo, amezoea. Nilimwambia Madame Odette mambo ambayo hayaandikiki, kwa Kiswahili, kwa sauti, mpaka watoto wa uani wakaacha kuimba. Alinisubiri nimalize, akakunja mikono.

"Utaenda kunishitaki? Na karatasi gani?"

Anajua kwamba karatasi zangu za ukaazi ziko kwenye foleni, kama za wengi wenu mnaosoma ukurasa huu. Nilimwambia mwenyewe, siku ya kumwandikisha mtoto, kwa sababu alikuwa ananiita dada.

Nikambeba Zuhura nikatoka. Ana miaka minne, si mtoto wa kubebwa tena, miguu yake inanipiga magotini. Barabarani hata roboti, zile taa za kuongozea magari, zilikuwa zimezimika, magari yanaviziana nani apite. Tukasimama pale tukingoja nafasi ya kuvuka, ndipo akasema neno lake la kwanza tangu nimchukue.

"Mama, itawaka lini?"

Nilikuwa nimesimama Yeoville lakini akili ilikuwa Berea, kwenye korido ya ghorofa tulilokaa nilipokuwa na umri wake, na mdomoni mwangu nikasikia ladha ya chuma.

Ninyi mliokulia Berea mnajua ninachosema. Kila mlango una geti la chuma mbele yake. Baba yangu alikuwa mlinzi wa ghala mjini, Mama alisuka nywele saluni Yeoville, na mimi sikuwa na karatasi za kuniingiza shule yoyote. Asubuhi Mama alinipa chai na maandazi, akafunga geti kwa kufuli upande wa nje, akauacha mlango wa mbao wazi ili hewa iingie. "Usiongee na mtu. Akikuuliza mtu, sema mama yuko bafuni." Kisha nikasikia viatu vyake vinashuka ngazi, maana lifti ilikuwa imekufa kabla hatujahamia. Nikabaki. Niliimba. Niliongea na sufuria. Mchana nikichoka nilikuja kukaa chini mlangoni, uso kwenye nondo, na nilikuwa nazilamba. Simlaumu Mama. Hakuwa na pa kuniweka, na hakuniambia kwamba ni shule.

Ng'ambo ya korido, mlango ukitazamana na wetu, alikaa bibi mmoja wa Kizungu. Wazungu wengine wote walishahama jengo lile zamani, yeye akabaki kama kiatu kimoja. Alitoka nchi ya Wacheki, lakini sisi hatukuijua nchi hiyo, tulimhesabu Mzungu tu. Jina lake Vlasta, na jengo zima lilimwita Gogo Vlasta, kwa kuwa hapa bibi ndiye gogo. Baba alilicheka sana neno hilo mwanzoni. "Kwetu Tanga gogo ni la kukalia," alisema. "Huku ndilo linalokaa juu ya kiti." Nyumba yake ilinuka kabichi na kisibiti. Kisibiti nilikijua, Mama alikitia kwenye mkate, lakini kwenye kabichi sijapata kukiona pengine mpaka leo.

Yeye naye aliacha mlango wa mbao wazi na geti limefungwa. Kwa hiyo tulikuwa wafungwa wawili tunaotazamana. Ndani kwake kulikuwa na televisheni, imekaa kwenye meza ya magurudumu, imeupa mgongo ukuta wa upande, na kutoka mlangoni kwetu niliona ubavu wake tu na mwanga unaochezacheza kwenye uso wa Gogo. Sikuona picha. Nilimtazama yeye akitazama. Akicheka, nilicheka. Akishika kifua, nami nilijishika.

Siku moja akaniona. Alinitazama muda mrefu, na mimi nikasema nilivyofundishwa: mama yuko bafuni. Hakuelewa. Akainuka, akashika ile meza, akaanza kuivuta. Alikuwa bibi mwembamba na televisheni zile za zamani mnajua uzito wake. Gurudumu moja likagoma kwenye ukingo wa zulia, akalipiga teke kwa slipa. Akaigeuza televisheni mpaka ikaangalia mlangoni, kwangu. Kisha akachukua kiti chake akakiweka upande, mahali ambapo yeye ndiye sasa aliona vibaya.

Hapo ndipo nilipomwona yule mwanamume.

Siku ya kwanza alikuwa kijana, kofia kaiweka upande, anaendesha baiskeli kwenye njia yenye miti na kuimba. Siku iliyofuata alikuwa mtu mzima mwenye masharubu, daktari, anakemea watu. Siku nyingine mfalme, mzee, taji limemlemea. Nguo zilibadilika, nywele zilibadilika, lakini jicho lake la kushoto lilikuwa linafumba kidogo anapotaka kucheka, na hilo halikubadilika. Nikajua ni mtu mmoja. Na Gogo, kila alipotokea, alimwonyesha kwa kidole na kutaja jina lake polepole ili nilisikie, kama mwenye nyumba anavyomtambulisha wa kwake. Mimi nikaelewa kama mtoto anavyoelewa: huyu ni mumewe.

Mama aliporudi jioni akanikuta nimekaa mlangoni natabasamu peke yangu.

"Una nini wewe?"

"Mume wa Gogo ameoa tena."

"Mume gani? Mwanamke yule anaishi peke yake."

"Yumo ndani ya televisheni. Juzi alioa mwenye nywele ndefu, leo kaoa mnene. Gogo kapiga makofi."

Mama akaweka pochi chini, akacheka mpaka akakaa. "Mwanamume anaongeza wake, na bi mkubwa anapiga makofi. Kumbe na Wazungu wamo." Kesho yake akaipeleka hadithi saluni, na wiki nzima wanawake wa Yeoville waliokuwa wanasukwa walituma salamu: mwambieni Gogo huyo mume asilete wa tatu, wapeane zamu kwanza.

Lakini Mama alifanya na jambo jingine. Alimpelekea Gogo Vlasta ufunguo wa pili wa kufuli letu, pamoja na sahani ya maandazi. Lugha ya pamoja hawakuwa nayo zaidi ya maneno machache ya Kiingereza na ya Kizulu ya dukani. Alimwonyesha ufunguo, akanionyesha mimi, akaweka mkono kifuani. Gogo akaupokea kwa mikono miwili. Tangu siku hiyo, viatu vya Mama vikishamaliza ngazi, slipa za Gogo zilikuja kunifungulia.

Kaseti zake zilikuwa kwenye kabati la vyombo, mahali pa sahani nzuri. Zilikuja kwa posta kutoka kwa dada yake kule kwao, zimefungwa ndani ya soksi, na Gogo alizivaa zile soksi. Sikuelewa neno hata moja la mtu yule, na sikuhisi kwamba sielewi. Gogo alikaa kando yangu na mkono wake mkavu juu ya kichwa changu, na ulikuwa ukinibonyeza kabla ya jambo baya kutokea, kwa hiyo nilijua kufumba macho. Nilijifunza kwake kusema mkate, maji, njoo, lala, kwa lugha yao. Televisheni haikunifundisha neno. Alinifundisha yeye, kwa sababu mkate ulikuwa mkononi mwake anapolisema.

Jambo moja lilinisumbua. Yule mwanamume alikufa. Alipigwa risasi akaanguka kwenye kitu cheupe nilichodhani ni unga, kumbe theluji. Nikalia. Nikamwambia Baba siku yake ya mapumziko.

Lazima niwaambie Baba alikuwa nani kabla hajawa mlinzi. Kule Tanga alifanya kazi kwenye kibanda cha video. Alishika kipaza sauti na kuwatafsiria watu picha za Kihindi na za Kichina. Kihindi hakukijua, wala Kichina. Alitafsiri macho, alisema mwenyewe, na ukimkodolea mtu macho vizuri utajua anadaiwa nini. Watu walilipa kuja kumsikia yeye, si picha. Na kibandani kulikuwa na sheria moja ambayo ninyi wote mnaijua: stelingi hafi. Yule ambaye picha nzima inamfuata, huyo hafi. Apigwe risasi, atupwe mtoni, ataibuka.

"Alikufa kabisa?" Baba akaniuliza.

"Kabisa. Walimfunika."

"Basi twende tukamwone. Mimi nina miaka kwenye kazi hii. Stelingi hafi."

Tukavuka korido. Baba alivaa shati la Ijumaa kwa heshima ya nyumba ya watu. Gogo akatupa vitonge vya unga vyenye tunda ndani, vitamu, akaweka kaseti, na mtu yule akatokea. Mzima. Kijana kuliko alipokufa. Yuko kituo cha treni, kakumbatia msichana, koti refu, sanduku chini. Baba akafumba ngumi, akaileta mdomoni ikawa kipaza sauti.

"Jamaa hapo anamwambia mchumba wake, sikiliza mama, mimi naenda Jozi kutafuta. Kwa baba yako mahari inapanda kila siku kama nyanya. Demu anamwambia, nenda, lakini ukifika huko usijifanye huna simu. Jamaa anaapa hapo. Mwangalieni. Huyu anaapa uongo, jicho la kushoto linamsaliti."

Mimi nilijua kwamba Baba anakisema Kicheki. Sikuwa na shaka. Gogo Vlasta alicheka hata akatoa leso, na hakuelewa neno, lakini kila Baba aliponyamaza alimpungia mkono, endelea, endelea. Treni ikaondoka. Msichana akabaki amesimama peke yake kwenye moshi. Baba alitaka kusema kitu, ngumi bado iko mdomoni, akasita. Kisha akasema kwa sauti yake ya kawaida, "Basi, hapo kaenda."

Njiani kurudi kwetu, hatua mbili tu, akaniinamia. "Umeona? Nilikwambia nini?"

"Stelingi hafi."

"Hafi. Anabadilisha kaseti tu."

Baba yangu alipigwa risasi kwenye ghala alilolilinda, na watu waliokuja kuiba matairi. Nilisikia mlangoni, mtu akimwambia Mama: wamempiga mumeo risasi. Sikulia. Nyumba ikajaa wanawake, wa Tanga, wa Dar, jirani wa Kikongo na vitambaa vyao, wote wamekaa chini kwenye mikeka, na mimi nikapita kati yao nikiwagusa mabega. "Msilie. Stelingi hafi." Mmoja alinivuta akanikumbatia kwa nguvu, mwingine akatoka nje akaenda kulilia ngazini. Wanaume walimchukua Baba siku ileile. Kwetu wanawake hatufuati jeneza makaburini, wala watoto wa kike. Kwa hiyo nilichokiona mimi ni Baba anatoka mlangoni amefunikwa, kama yule alivyofunikwa kwenye unga. Udongo sikuuona.

Mama akakaa eda. Niseme ukweli ambao sijawahi kumwambia: ile ilikuwa miezi yangu ya furaha. Alishinda nyumbani. Geti lilifungwa kwa ndani. Wateja wake walimfuata pale chumbani, akasuka amevaa nyeupe, haongei, na mimi nimelalia mguu wake. Nilikuwa nangoja tu. Kila hatua ya mwanamume koridoni nilitega sikio, nijue kama atakuja na masharubu au bila.

Eda ikaisha, Mama akarudi saluni. Siku hiyo ya kwanza nilipobaki, chumba kilikuwa kikubwa. Sijui namna nyingine ya kulisema. Kofia ya Baba ya kazi ilikuwa bado kwenye msumari. Slipa za Gogo zilipokuja, nikapanda kitanda, nikaitoa ile kofia, nikaenda nayo.

Nikafungua kabati la vyombo mwenyewe. Nikaonyesha kaseti, nikaonyesha kofia, nikaonyesha televisheni. Gogo alinitazama. Nikarudia. Nikamwambia kwa Kiswahili, nikiwa nimeshika adabu yote niliyofundishwa: "Naomba na mimi ya kwangu. Wewe una za mumeo nyingi. Nitafutie ya Baba."

Maneno hakuyaelewa. Kofia aliielewa.

Alikaa chini sakafuni, bibi yule, kwa shida, akishikilia kabati. Akazitoa kaseti zote akazipanga mstari, akafikiri, akahamisha moja, akahamisha nyingine. Kisha akaanza kuziweka kwenye mashine, moja baada ya moja, kidogo kidogo tu. Ya kwanza alikuwa mtoto wa kaptula, anabeba ndoo nyuma ya watu wazima, huwezi hata kumjua mpaka jicho la kushoto lifumbe. Akaitoa. Yule wa baiskeli. Akaitoa. Yule wa kituo cha treni. Akaitoa. Bwana harusi, askari, daktari, baba mwenye watoto mezani, hakimu, mfalme. Sikuwahi kumwona hivyo, kwa utaratibu. Nilimzoea akiruka, leo mzee kesho kijana. Sasa nywele zilikuwa zinarudi nyuma kila kaseti na hazikusogea mbele tena. Mashavu yakashuka. Sauti ikaingia mchanga. Ya mwisho sikuwahi kuonyeshwa. Alikuwa amekaa mezani peke yake jikoni, anakata mkate, na mkono unatetemeka kweli, si wa kuigiza. Kisu kikagonga sahani. Akainua macho kama mtu aliyesikia mlango.

Gogo akaitoa na hiyo. Akaiweka mwisho wa mstari. Kisha akachukua mkono wangu, akaweka kidole changu sakafuni baada ya kaseti ile, mahali patupu, kwenye mbao. Akatikisa kichwa.

Akainuka akaniletea na picha iliyokuwa kando ya kitanda chake. Bwana mfupi mwenye kipara na miwani, kasimama mbele ya duka la saa. Akaonyesha pete yake, akaonyesha yule bwana. Akaonyesha televisheni, akatikisa kichwa. Akaonyesha kabati, hakuna. Akaonyesha kofia ya Baba, akanitazama, na hakutikisa kichwa tena kwa sababu nilikuwa nimeshaanza kulia.

Televisheni ilikuwa imezimika. Tulikaa mbele yake sakafuni mchana wote, mimi nimeivaa kofia imenifika puani, mkono wake juu ya kofia. Hakuiwasha ili ninyamaze. Mama aliporudi alitukuta hivyohivyo, akavua viatu mlangoni kwa watu, akaja akakaa upande wangu wa pili.

Nilipoanza shule Gogo alikuwa ameshachukuliwa na mpwa wake, mji mwingine, sikuambiwa upi. Mama siku hizi yuko Tanga. Juzijuzi, dukani, hakuna wateja, nililiandika lile jina kwenye simu jinsi nilivyokuwa nalisikia, nikakosea, nikakosea tena, mpaka uso ukatokea. Jicho lile. Kumbe alianza kuigiza akiwa mtoto wa kaptula kweli, akaendelea maisha yake yote, serikali zimekuja zimeondoka yeye yupo, mpaka uzeeni kabisa. Kwao kila nyumba ilimjua. Gogo hakuwahi hata kumpa mkono. Aliondoka kwao msichana na hakuweza kurudi, na dada yake akamtumia huyo, ndani ya soksi, ili amwone mtu wa nyumbani anavyozeeka. Na simu ikaniambia kwamba amefariki. Nikainua kichwa nimwambie mtu. Mwenzangu wa kaunta alikuwa anapanga sabuni. Ningeanzia wapi?

Kwa hiyo nilipomkuta Zuhura mbele ya kioo cheusi, nilijua hasa ninachokitazama, na nilijua kilichokosekana. Usiku ule hakulala mapema, na mimi sikumwambia alale. Asubuhi nilimuuliza yule mwenzangu wa kaunta, Mkongo pia, mtoto wake naye alipita kwa Madame Odette.

"Wangu alikaa mule pia," akaniambia. "Alitoka na Kingereza."

"Alitoka na nini kingine?"

Akasogea karibu. "Dada, achana nayo. Ukishitaki, yeye atasema karatasi. Eish, utajitafutia. Badilisha kreshi tu."

Nilikuwa karibu kumsikiliza. Kwenye chumba kile kuna kiti kimoja, na kesho atakaa mwingine. Nikaandika barua. Niliiandika kwa Kiingereza changu cha sekondari na kuipeleka mwenyewe kwenye ofisi inayosimamia kreshi, wakanigongea muhuri kwenye nakala. Hapa naiweka bila anwani, kwa lugha ya ku nyumba.

"Kwa Afisa anayehusika.

Nalalamikia kreshi iliyotajwa hapo juu. Mimi ni mama wa mtoto wa kike wa miaka minne aliyekuwa akilelewa hapo. Karatasi zangu zinashughulikiwa. Nimeambatisha nakala ili mtu mwingine asiwe wa kwanza kuwaambia.

Mwanangu aliwekwa peke yake katika chumba cha nyuma, mapazia yamefungwa, mbele ya televisheni, kwa sababu anaongea Kiswahili. Mwenye kreshi alinithibitishia kwa Kiswahili. Alisema ndivyo watoto wanavyofundishwa Kiingereza. Nilipomkuta, hapakuwa na umeme. Wenzake walikuwa nje wanaimba. Hakuna aliyekuja kumtoa. Naelewa kwamba si wa kwanza kukaa kwenye kiti hicho.

Siombi kreshi ifungwe. Wanawake wengi wa mtaa huu wanafanya kazi na hawana pengine. Wala sisemi televisheni ni mbaya. Nilikua nayo, nikiwa nimefungiwa ndani, na kulikuwa na mtu mzima amekaa kando yangu ambaye hatukuwa na lugha moja.

Ninachoomba ni hiki. Chumba kile kifunguliwe na mapazia yaondolewe. Mtoto asitengwe kwa lugha ya mama yake. Akiwekwa mbele ya televisheni, mtu mzima akae naye. Na ikizimika, mtu huyo amwambie kwamba imezimika.

Nangoja jibu lenu kwa maandishi.

Mama wa mtoto."